Mkopo wa nyumba wa milioni 5 unavyofika karibu milioni 15

"Mimi na mume wangu tunaishi Mombasa, na kodi yetu ni shilingi 30,000 kwa mwezi. Tumepata nyumba ya vyumba vitatu Bamburi inayouzwa milioni 6. Tumeweka akiba ya milioni 1, na benki imekubali kutukopesha milioni 5 zilizobaki kwa riba ya asilimia 14, miaka 20, rejesho la shilingi 62,176 kila mwezi. Nilihesabu asilimia 14 ya milioni 5 nikapata 700,000, nikajua deni lote ni milioni 5.7. Kisha nikazidisha 62,176 mara miezi 240 nikapata karibu milioni 15! Mume wangu asema tunaibiwa. Shemeji asema tusiwe na wasiwasi, kuna sheria inayokataza benki kudai zaidi ya mara mbili ya mkopo. Afisa wa benki asema tukiona rejesho ni zito atatuongezea muda hadi miaka 25. Na kila tunayemuuliza atwambia kodi ni pesa inayopotea, tununue tu. Tumechanganyikiwa. Gharama ya kweli ni ipi?"

Dada yangu, hesabu yako ya pili ndiyo sahihi. 62,176 mara 240 ni shilingi 14,922,240, na hizo ndizo mtakazolipa iwapo riba haitabadilika hata mara moja na hamtapunguza deni mapema. Afisa hakukosea, na hakuna aliyewaibia. Umefanya vyema kuizidisha mwenyewe kabla ya kutia sahihi. Watu wengi hutazama rejesho la mwezi, wakaliweka kando ya mshahara, wakiona linatosha wakaingia. Bei halisi ya nyumba waijua miaka kumi baadaye, wanapoomba taarifa ya salio.

Palipokosea ni hesabu ya kwanza. Asilimia 14 ni ya mwaka mmoja. Riba ni kodi mnayolipia pesa za benki, na kama kodi ya nyumba, inalipwa kwa muda wote mnaozikalia. Milioni 5 mkikaa nazo mwaka mzima, kodi yake ni kama 700,000. Mwaka wa pili mnadaiwa tena, juu ya salio lililobaki, na wa tatu vivyo hivyo, hadi deni liishe. Kwa hiyo yanayoamua gharama ni mambo mawili: kiwango cha riba, na kasi ambayo deni lenyewe linapungua. Hili la pili ndilo halielezwi vya kutosha, nami nitakaa nalo kidogo.

Kila mwezi benki huanza kwa kuchukua riba yake. Mwezi wa kwanza mnadaiwa milioni 5 kamili. Asilimia 14 gawanya kwa miezi 12, ikokotoe juu ya milioni 5, unapata 58,333. Ninyi mmelipa 62,176. Kinachobaki baada ya riba ni shilingi 3,843, na hicho tu ndicho kinachopunguza deni. Mwezi wa pili mnadaiwa 4,996,157, riba ni 58,288, na deni linapungua kwa 3,888. Mwendo ni huo huo: riba yashuka kidogo kidogo, sehemu ya deni yapanda kidogo kidogo, na rejesho halibadiliki.

Sasa tazama linavyokwenda kwa miaka. Mwaka wa kwanza mtalipa 746,112, na deni litapungua kwa takriban 49,000 pekee. Miaka mitano ikiisha mtakuwa mmelipa zaidi ya milioni 3.7, na bado mnadaiwa takriban 4,669,000. Miaka kumi, nusu ya safari, mmelipa milioni 7.46, na salio ni kama 4,004,000. Nusu ya deni lenyewe itamalizika mwaka wa 16. Miaka inayobaki ndiyo inayolimaliza kwa kasi, maana wakati huo riba imekuwa ndogo na zaidi ya nusu ya rejesho laenda kwenye deni.

Hii ndiyo sababu mtu anayeuza nyumba baada ya miaka minne au mitano hushtuka. Alidhani amekwisha kumiliki robo ya nyumba, kumbe karibu yote aliyolipa yalikuwa riba. Kama kuna uwezekano wa kuhamishwa kikazi au kurudi bara hivi karibuni, mkopo wa aina hii hauwafai, hata nyumba iwe nzuri namna gani.

Shemeji ana sehemu ya ukweli. Sheria anayoisema ipo: ni kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki ya Kenya, kilichoanza kutumika mwaka 2007. Lakini chahusu mkopo ulioshindwa kulipika. Tuseme mmekwama kulipa wakati salio ni milioni 4, na mkopo ukaingizwa kwenye orodha ya mikopo isiyolipika. Kuanzia hapo riba inayoongezeka haiwezi kupita milioni 4 nyingine; gharama halali za kudai deni huongezwa juu yake. Kifungu hiki kilikuja kuwaokoa watu waliodaiwa laki mbili wakaja kuambiwa ni milioni mbili. Kwa anayelipa vizuri kila mwezi hakiweki ukomo wowote. Mtalipa milioni 14.9 na hakuna sheria itakayokuwa imevunjwa. Msiingie kwenye mkopo mkiegemea kinga ambayo kwenu haipo.

Kuhusu miaka 25, hapa naomba ukae na mume wako mtazame nambari pamoja. Mkiongeza miaka mitano, rejesho linashuka hadi 60,188. Mmepata nafuu ya 1,988 tu kwa mwezi. Jumla inapanda hadi milioni 18.06. Nafuu ya elfu mbili kwa mwezi mmeinunua kwa zaidi ya milioni 3.1.

Sababu ni kwamba kwa asilimia 14, riba peke yake ya mwezi wa kwanza ni 58,333. Hata mkipewa miaka mia, rejesho haliwezi kushuka chini ya hapo. Katika nchi ambazo riba ya nyumba ni asilimia tatu au nne, kurefusha muda hupunguza rejesho kwa kiasi cha maana. Kwetu hakusaidii. Rejesho likiwa zito, dawa ni kukopa kidogo zaidi au kupata riba ndogo zaidi.

Kinyume chake ni cha kweli pia, nacho kinatia moyo. Mkichukua miaka 15 badala ya 20, rejesho ni 66,587. Mmeongeza 4,411 tu kwa mwezi, na jumla inashuka hadi milioni 11.99. Mmeokoa takriban milioni 2.9 na miaka mitano ya maisha bila deni. Sina ushauri mwingine katika jibu hili wenye thamani kubwa kuliko huo.

Kuna hatari moja ambayo swali lako halikuigusa: riba hiyo ya asilimia 14 huenda isibaki 14. Mikopo mingi ya nyumba Kenya ina riba inayobadilika, ikifuata kiwango cha msingi cha soko na ziada ya benki juu yake. Hadi Mei 2022 kiwango cha riba cha Benki Kuu kilikuwa asilimia 7. Kufikia Februari 2024 kilikuwa 13. Waliokopa mwanzoni mwa kipindi hicho waliona barua baada ya barua. Kwenu ninyi, riba ikipanda kwa asilimia moja tu katika miezi ya mwanzo, kutoka 14 hadi 15, riba ya mwezi inakuwa kama 62,500. Rejesho lenu lote la 62,176 limemezwa, na deni linaanza kukua ingawa mnalipa kila mwezi. Benki haitaacha hali hiyo iendelee, itapandisha rejesho. Riba ikifika 17, rejesho la mkopo huu kwa miaka 20 ni 73,340. Ulizeni kwa maandishi: riba yetu imefungwa kwenye kiwango gani, ziada ya benki ni asilimia ngapi, na je, kiwango hicho kikishuka nasi tutashushiwa, lini? Swali la mwisho huwakera baadhi ya maafisa. Liulizeni hivyo hivyo.

Sasa nizungumzie lile la kodi kuwa pesa inayopotea. Silipendi neno hilo kwa sababu limewasukuma watu wengi kwenye madeni wasiyoyaweza. Kodi yenu ya 30,000 inawapa mahali pa kulala, maji, mlango wa kufunga. Riba ya 58,333 mwezi wa kwanza nayo haiwarudii. Mkipima upotevu wa mwezi huo peke yake, kupanga ndiko nafuu, karibu mara mbili.

Lakini nisiwe mwenye kuegemea upande mmoja, maana muda nao una hesabu yake. Kodi hupanda. Tuseme yenu inapanda asilimia 5 kila mwaka: kwa miaka 20 mtakuwa mmelipa takriban milioni 11.9, mkiwa hamna nyumba mwishoni. Karibu mwaka wa 16 kodi itakuwa imelipita rejesho la 62,176. Tena shilingi yenyewe inapungua nguvu. Bei zikipanda asilimia 5 kwa mwaka, 62,176 za mwezi wa mwisho zitanunua vitu ambavyo leo vinanunuliwa kwa 23,000 na kitu. Nikiyarudisha marejesho yote 240 kwenye thamani ya shilingi ya leo kwa kiwango hicho, yanafika takriban milioni 9.5. Milioni 14.9 ni nambari ya kweli, ila uzito wake si ule unaoihisi ukiifikiria leo. Bado milioni 9.5 kwa mkopo wa 5 ni ghali. Kwa familia itakayokaa hapo hapo miaka 15 na zaidi, si upuuzi.

Punguzo la kodi ya mapato lipo, na watu hulielewa vibaya. Anayekaa kwenye nyumba aliyoinunua kwa mkopo wa taasisi inayotambulika anaruhusiwa kuondoa riba hadi shilingi 360,000 kwa mwaka kwenye mapato yanayotozwa kodi. Ukomo ulikuwa 300,000 hadi mwishoni mwa 2024. Hamrudishiwi 360,000. Mnasamehewa kodi ambayo mngelipa juu ya kiasi hicho, na kwa aliye kwenye kiwango cha asilimia 30 nafuu ni 9,000 kwa mwezi, zaidi ya hapo hapana. Pelekeni barua ya benki kwa mwajiri ili ifanywe kwenye mshahara. Wengi hukaa miaka bila kuidai.

Jambo lililonitia wasiwasi zaidi katika swali lako ni hili: mnasema akiba ni milioni 1, na yote inaingia kwenye bei ya nyumba. Gharama za kununua mtazitoa wapi? Ushuru wa stempu kwa nyumba ya mjini ni asilimia 4 ya thamani, yaani 240,000 kwa milioni 6, na benki haitoi mkopo kwa ajili ya hiyo kwa kawaida. Kuna ushuru mdogo wa kusajili rehani, asilimia 0.1 ya mkopo, kwenu 5,000. Kuna wakili wenu, na wakili wa benki ambaye pia mtamlipa ninyi. Kuna mthamini, ada ya benki ya kushughulikia mkopo, bima ya maisha ya kulinda mkopo na bima ya moto, ambazo mara nyingi hulipwa kila mwaka kwa miaka yote. Andaeni si chini ya nusu milioni kando. Baada ya kuhamia kuna kodi ya ardhi ya kaunti, ada ya ulinzi na taka kama ni mtaa wenye uzio, na paa. Chumvi ya bahari hula mabati na vyuma vya madirisha, mwajua.

Wakopaji wengi hukopa gharama hizi kwenye Sacco au kwenye simu wakiwa wamekwisha kutia sahihi. Mwaka wa kwanza wa nyumba wanalipa mikopo mitatu. Huko ndiko kuchelewesha rejesho kunakoanzia.

Njia nyingine zipo. Kampuni ya Kenya Mortgage Refinance Company, iliyoanzishwa mwaka 2018, hukopesha benki na Sacco pesa za gharama nafuu ili nazo ziwakopeshe wananchi kwa riba ya chini ya asilimia 10. Huendi kwao moja kwa moja. Waulize benki yenu na Sacco yenu kama wanashiriki, na kama mkopo wenu unaingia ndani ya ukomo wao. Kwa asilimia 9.5, mkopo huu wa miaka 20 una rejesho la 46,607 na jumla ya milioni 11.2. Hiyo ni tofauti ya milioni 3.7 kwa nyumba ile ile, basi zungukeni benki tatu nne kabla ya kukubali 14.

Kwa anayeepuka riba kwa sababu za dini, hapa Kenya kuna benki zinazofuata sharia. Katika murabaha, benki hununua nyumba kisha ikawauzia kwa bei ya juu iliyotajwa tangu siku ya kwanza. Katika musharaka inayopungua, mnaimiliki pamoja na kuinunua sehemu ya benki kidogo kidogo. Faida ya benki yaweza kukaribia riba ya soko, kwa hiyo zidisheni marejesho yote kama ulivyofanya sasa. Uzuri wa murabaha ni kwamba bei haibadiliki Benki Kuu ikipandisha kiwango chake.

Kujenga pole pole kwa mkopo wa Sacco ni njia ya Wakenya wengi, na hugharimu riba kidogo kwa sababu kila mkopo ni mdogo na mfupi. Yataka kiwanja chenye hati safi na subira ya kuendelea kulipa kodi huku mnajenga.

Mkiamua kuendelea na mkopo huu, tumieni miaka ya mwanzo vizuri. Pesa ya ziada ina nguvu kubwa kabisa wakati deni ni bichi. Mkipata 300,000 mwishoni mwa mwaka wa kwanza, bonasi au mgao wa Sacco, mkaziingiza kwenye deni na kuendelea na rejesho lile lile, mkopo unaisha takriban miezi 50 mapema. Ila lazima muielekeze benki kwa barua kwamba mnataka kupunguza muda, rejesho libaki. Wasipoambiwa, baadhi yao hushusha rejesho na kuacha muda vile vile, na nafuu nyingi inapotea. Kabla ya yote, someni mkataba kama kuna faini ya kulipa mapema.

Mkiniuliza ningefanya nini nikiwa mahali penu, nisingetia sahihi mwezi huu. Ningejifanya tayari nina mkopo wa miaka 15. Kila mwezi, baada ya kulipa kodi ya 30,000, ningeweka 36,587 kwenye akaunti isiyoguswa, ili jumla iwe 66,587. Mkiweza mwaka mzima, pamoja na karo za Januari na msimu wa sikukuu, mtakuwa mmejua kwamba mnaliweza rejesho, na mtakuwa na 439,000 za ushuru na mawakili. Mkishindwa mwezi wa tatu, mmejifunza bila dalali mlangoni. Yawezekana nyumba hii ya Bamburi ikauzwa kwa mwingine. Nyumba zipo.

Yako mambo ambayo jibu la maandishi halifiki, nayo yataka mkutane na mtu ana kwa ana. Mtafute wakili wenu wenyewe, asiye wa muuzaji wala wa benki, mumpelekee barua ya masharti ya benki kabla ya kuitia sahihi. Afanye upekuzi wa hati kwenye ofisi ya ardhi. Mombasa ina ule utaratibu wa zamani wa nyumba bila ardhi, ambapo kuta ni zako na kiwanja ni cha mwingine, kwa hiyo aulize waziwazi mnanunua nini. Aandikishe majina yenu wote wawili. Kwa sheria ya ardhi ya Kenya, nyumba ya ndoa haiwezi kuwekwa rehani bila ridhaa ya mwenzi, na wewe usisaini ridhaa hiyo kama karatasi tu, muulize wakili unakubali nini.

Na ikitokea siku mmoja wenu amepoteza kazi, nendeni benki kabla ya kukosa rejesho la kwanza. Mkichelewa, sheria inaitaka benki itoe notisi ya miezi mitatu ya kurekebisha, kisha notisi nyingine ya siku 40 kabla ya kuuza, na nyumba ithaminiwe kwanza. Muda huo ni mwingi kwa anayezungumza na benki mapema, na mchache mno kwa aliyezificha barua kabatini. Mkiipokea notisi ya kwanza, siku hiyo hiyo iwe mezani kwa wakili.